Nakala Isiyochakaa

Likizo iliyopita nilikuwa nyumbani Mikumi. Babu alinipa kaseti kuukuu akasema, "Mjukuu wangu, hebu nitengenezee hii. Mbaraka anaimba kama mtu aliyefunikwa blanketi." Ndani yake mlikuwa na nyimbo za Mbaraka Mwinshehe wa Morogoro Jazz, aliyefariki Januari 1979, na mwishoni sauti ya marehemu bibi akisimulia hadithi ya sungura na fisi. Nikaipeleka kwa fundi karibu na stendi, pale watu wanapotiliwa nyimbo na sinema katika simu. Napenda kuwaeleza wasomaji kazi aliyoifanya, maana hiyo ndiyo iliyobadili burudani yetu yote.

Katika kaseti, sauti huandikwa kwa nguvu ya sumaku juu ya utepe mwembamba. Kila utepe upitapo katika mtambo husuguliwa, na unga wake wa sumaku hupungua. Ukiunakili, mvumo wa kaseti ya kwanza huingia katika ya pili, nayo huongeza wake. Nakala ya tano husikika vibaya zaidi.

Kompyuta haifanyi hivyo. Yenyewe huipima sauti mara nyingi mno. Katika CD ni mara 44,100 kwa sekunde moja, na kila kipimo huandikwa kwa tarakimu. Ukiandika 7 katika daftari lako na jirani yako akainakili, yake ni 7 ile ile, wala haikufifia. Hiyo ndiyo maana ya dijitali. Tena tarakimu hizo huweza kubanwa. Kaseti ya dakika 60 hubeba nyimbo 15 za dakika nne nne. Kadi ya gigabaiti 8, ndogo kama ukucha, hubeba zipatazo 2,000.

Kwa sababu hiyo, wimbo uliotolewa Dar es Salaam asubuhi husikika Kilosa mchana, bila gari wala treni kubeba kitu cho chote. Lakini faida hiyo ina mwenye kuilipia. Joseph Haule, yaani Professor Jay, aliyekuwa Mbunge wetu wa Mikumi tangu 2015 hadi 2020, alitoa "Machozi, Jasho na Damu" mwaka 2001, wakati watu waliponunua kaseti. Leo wimbo huruka toka simu hata simu. Mimi mwenyewe siku ile nilimlipa fundi shilingi 1,000 kwa nyimbo kumi mpya, na waimbaji hawakupata hata senti. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 ipo, lakini nani atasimama mlangoni pa kila mwenye simu? Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa. Sisi twacheza ngoma yake, na kutunza hatutunzi.

Fundi aliniambia kwamba sauti iliyokwisha potea hawezi kuirudisha. Aweza tu kuizuia isipotee zaidi. Jioni babu alisikiliza. Sauti ya bibi ilikuwa na mikwaruzo, lakini ilikuwa yake. Babu alinyamaza kimya mpaka hadithi ikaisha, kisha akasema, "Rudia."

Juma lililofuata mdogo wangu alifuta kadi nzima apate nafasi ya mchezo wa mpira. Hapo nikajifunza jambo la mwisho: kaseti hufa pole pole, lakini tarakimu hufa mara moja. Kwa bahati kaseti ilikuwa haijatupwa. Nikarudi kwa fundi, na sasa ziko nakala tatu: moja kwa babu, moja kwa shangazi hapa Kilosa, na moja nimeihifadhi katika intaneti.

Basi, ndugu zangu wanafunzi, nyimbo za wasanii na tuzipate kwa njia inayowalipa. Na wazee wetu tuwarekodi wangali hai, kwa maana hadithi zao hazimo katika duka lo lote.

Mwanafunzi wa Kidato cha III