UZI UKIKATIKA, MWENYE KOSA NI NANI?

Katika viwanda vya sare na fulana, mashine ya kudarizi hufuata amri zilizokwisha andikwa katika kompyuta. Uzi ukikatika mara kwa mara, anayelaumiwa kwanza ni mwendesha mashine. Yafaa basi wafanyakazi wajue amri hizo hutungwaje.

Zamani mchoro ulitobolewa katika mkanda wa karatasi. Tangu miaka ya 1980 kazi hiyo ilihamia kwenye kompyuta. Mtayarishaji huweka nembo kwenye kioo, kisha huamua mambo manne.

Kwanza, aina ya mshono. Herufi hushonwa kwa satini, yaani uzi unaokwenda upande hadi upande. Uwanja mpana hujazwa safu za mishono mifupi. Satini ikiwa pana mno, uzi hulegea na kunasa.

Pili, msongamano. Kwa uzi wa kawaida namba 40, safu huachana kama milimita 0.4. Zikisongwa zaidi, uzi hukatika, sindano huvunjika na kitambaa hukunjamana.

Tatu, mishono ya msingi, ambayo hutangulia chini ili kushika kitambaa.

Nne, nyongeza ya upana. Uzi huvuta kitambaa, na duara huweza kuwa kama yai. Kwa hiyo mchoro hupanuliwa kidogo mapema.

Programu nyingine hugeuza picha kuwa mishono zenyewe. Ni msaada, lakini bila fundi kuikagua kazi hiyo, makosa hufika mashineni.

Programu pia huhesabu mishono. Nembo ya mishono 12,000, kwa mwendo wa 800 kwa dakika, ni dakika 15. Hapa ndugu tuwe macho! Hesabu hiyo haina muda wa kufunga fremu, kutia bobini wala kuunga uzi uliokatika. Kiwango cha kazi kikipangwa kwa hesabu hiyo peke yake, mfanyakazi atadaiwa dakika ambazo hakuzipoteza yeye.

Tufanye nini? Kila mchoro mpya ujaribiwe kwanza juu ya kitambaa kile kile cha kazi. Kila uzi unapokatika, mahali pake paandikwe daftarini. Ukikatika kila mara mahali pale pale pa nembo, mchoro ukaguliwe. Ukikatika popote, itazamwe sindano, mkazo wa uzi na uzi wenyewe. Daftari hilo ndilo litakalosema kwa niaba ya mfanyakazi mbele ya msimamizi, na wajumbe wa chama walipeleke mezani viwango vya kazi vinapojadiliwa.