Sahani Tatu za Mwisho

Ukishuka Tingi, wilayani Kilwa, kwenye barabara ya Dar es Salaam kwenda Lindi, na njaa inakuuma, hutahangaika kutafuta chakula. Utakuta wali wa nazi, samaki wa mchuzi, maharage na kisamvu. Siku nyingine utakuta bada, yaani ugali wa muhogo, na pweza wa nazi. Mpishi, mama ntilie, ndiye mwenye mgahawa, ndiye anayepakua, ndiye anayepokea hela. Watu husema biashara ya chakula haina hasara kwa kuwa kila mtu anakula. Mimi nimeshika kalamu, na kila nikipiga hesabu kauli hiyo inanishinda kuiamini.

Tuchukue mgahawa wa sahani 40 kwa siku, kila sahani shilingi 3,000. Bei nitakazotumia ni za mfano. Msomaji wa Kilwa Masoko au Mbagala ataongeza mia mbili hapa na kupunguza mia tatu pale, lakini hesabu itaelekea kulekule.

Mchele kilo 6 kwa 2,800 ni 16,800. Nazi 8 kwa 600 ni 4,800. Samaki kilo 6 kwa 8,000 ni 48,000, na hapo ndipo karibu nusu ya hela inapoishia. Maharage kilo 2 ni 6,000. Nyanya, vitunguu, mboga, ndimu na pilipili ni 9,000. Mafuta lita moja na nusu ni 9,000. Mkaa 8,000, na maji madumu 10 ni 3,000. Jumla 104,600. Msaidizi anayeosha vyombo na kukuna nazi anapewa 5,000, kodi ya banda ni 2,000. Tumefika 111,600.

Sahani zote 40 zikiisha, mauzo ni 120,000. Kinachobaki ni 8,400.

Sasa tazama hela hiyo imetoka wapi. Sahani 37 za mwanzo zinaleta 111,000, na bado kuna deni la 600. Faida inaanza kuingia kwenye sahani ya 38. Kwa maneno mengine, mama huyu anapika sahani 37 kwa ajili ya mchuuzi wa samaki, mwenye duka la mchele, muuza mkaa na mwenye banda. Zake ni tatu za mwisho. Zikibaki tano tu jioni, amekula hasara ya 6,600, na kesho alfajiri anatakiwa tena sokoni na zaidi ya laki moja mkononi.

Yeye mwenyewe hajalipwa bado. Anaamka saa 10 alfajiri kuwasha jiko, anafunga saa 10 jioni: saa 12. Gawanya 8,400 kwa saa hizo, unapata shilingi 700 kwa saa. Amri ya mishahara iliyoanza kutumika Januari 2023 iliweka kima cha chini cha 150,000 kwa mwezi kwa mfanyakazi wa mgahawa. Kwa wiki ya saa 45 hiyo ni kama shilingi 769 kwa saa. Mwenye mgahawa, tena siku aliyouza kila kitu, anapata chini ya kima cha chini cha mtu wa kuajiriwa.

Pweza hesabu yake ni kali zaidi. Akichemka hupungua karibu nusu ya uzito wake, kwa hiyo gramu 100 utakazozikuta kwenye sahani zilinunuliwa zikiwa gramu 200. Kwa kilo ya 10,000, hiyo ni 2,000 kabla tui halijaguswa. Mpishi wa pwani anampika kwa sifa, ili mteja arudi. Chakula cha kuingiza hela ni maharage.

Serikali nayo imekuwa ikimtazama mpishi huyu kwa macho tofauti kila zama. Mwaka 1983, chini ya sheria ya Nguvukazi, wasio na kazi inayotambulika walikamatwa mijini na kupelekwa mashambani, na mama ntilie wasio na leseni walikuwamo katika waliosumbuliwa. Desemba 2018 ukaja upande wa pili: kitambulisho cha mjasiriamali kwa shilingi 20,000, kwa mwenye mauzo yasiyozidi milioni 4 kwa mwaka. Ilikuwa ni hatua ya heshima, na wengi walikipokea kwa furaha. Lakini gawanya milioni 4 kwa siku 300 za kazi: 13,333 kwa siku. Hata kwa sahani ya 2,000, hizo ni sahani zisizofika 7. Hakuna anayewasha jiko la biashara kwa sahani saba.

Mgahawa wetu wa sahani 40 unauza milioni 36 kwa mwaka. Sheria ya Fedha ya 2022 iliweka kodi ya asilimia 3.5 ya mauzo kwa walio kati ya milioni 11 na 100. Ilionekana ndogo, lakini kwa mauzo ya 120,000 ilikuwa 4,200 kwa siku, nusu kamili ya 8,400. Kodi inahesabiwa kwenye mauzo, na mauzo ya chakula ni hela inayopita mkononi tu. Kwangu hili ni kosa la kupima. Muuza kitambaa na muuza wali wakiuza sawa hawabaki na kiasi sawa, na kitambaa kisipouzwa leo hakichachi.

Kwa nini basi asikue? Apike 80. Viungo vinakuwa mara mbili, ila mkaa hauongezeki hivyo, labda 12,000, na banda ni lilelile. Kwa wasaidizi wawili gharama ni 217,200, mauzo 240,000, na kinabaki 22,800. Sahani zimekuwa mara mbili, kipato karibu mara tatu. Kuna mantiki ya kukua. Lakini mtaji wa kila alfajiri sasa umevuka laki mbili, na wateja wa Tingi wanaletwa na barabara. Mei 2024, mvua na kimbunga Hidaya vilipoikata barabara upande wa Somanga, mabasi ya Dar es Salaam hayakupita kwa siku kadhaa. Mwenye sufuria ya 80 siku zile aliumia karibu mara mbili ya mwenye 40.

Angalia pia ule mkaa wa 8,000: nao ni karibu sahani tatu. Gesi ya Songo Songo, iliyogunduliwa 1974 katika bahari hiihii ya Kilwa, inapita Somanga kwenda Dar es Salaam tangu 2004, kwenye bomba la kilomita 232. Mkakati wa taifa unataka asilimia 80 ya Watanzania wapike kwa nishati safi ifikapo 2034. Wapishi wa Tingi wana haki ya kuwa mwanzoni mwa foleni hiyo.

Saa 10 jioni sufuria inainamishwa. Tui lilikolea, makaa yalipaliwa juu ya mfuniko, na chini umeganda ukoko wa rangi ya dhahabu, mnene kama kidole. Watoto wanaugombania. Mchele wake ungetosha sahani mbili.