Rambirambi si fidia

Wiki hii nazungumzia jambo nililolikuta msibani Nyambureti, wilayani Serengeti.

Marehemu, baba wa watoto watano, aligongwa na lori akirudi na baiskeli kutoka mnadani. Tajiri wa lori hakukimbia. Alileta jeneza, magunia mawili ya mahindi, ng'ombe mmoja na bahasha. Baada ya mazishi akarudi na karatasi. Kaka wa marehemu akanionyesha, akasema: "Mwandishi, huyu mtu ametufaa sana. Anataka tuweke dole gumba tu, yaishe." Niliisoma. Ilisema familia imeridhika na haitadai chochote tena.

Tajiri yule alionyesha ubinadamu, wala sina neno naye. Lakini ng'ombe mmoja hawezi kusomesha watoto watano. Isitoshe, aliyepaswa kubeba mzigo huo hakuwapo msibani, nayo ni kampuni ya bima.

Sheria ya Bima ya Magari, Sura ya 169, inakataza chombo cha moto kutembea barabarani bila bima ya mtu wa tatu. Wa kwanza ni mwenye gari, wa pili ni kampuni ya bima. Wa tatu ni wewe unayepita kwa miguu au kwa baiskeli, na abiria aliyelipa nauli. Bodaboda nazo zimo. Kwa hiyo stika ile haikukatwa kwa ajili ya trafiki tu. Ilikatwa kwa ajili yako.

Sheria nyingine, Sura ya 310, inawapa mke, mume, wazazi na watoto wa marehemu haki ya kudai fidia pale kifo kinapotokana na kosa la mwingine. Kinachopimwa ni kile ambacho marehemu alikuwa akiwapatia wanaomtegemea.

Wengi huchanganya kesi mbili. Dereva akitozwa faini, fedha hiyo huenda serikalini, haimfikii mjane. Madai ya fidia yana njia yake, ingawa hukumu ya kumtia dereva hatiani husaidia kama ushahidi.

Mkoa wetu wa Mara unazijua ajali. Tarehe 5 Septemba 2014, pale Sabasaba wilayani Butiama, mabasi mawili na gari dogo yaligongana, wakafa watu wasiopungua 36. Ajali kama ile hutangazwa nchi nzima na viongozi hufika. Ajali ya mtu mmoja wa baiskeli haina mtangazaji. Karatasi zake familia huzitafuta yenyewe.

Basi zitafuteni hivi. Kwanza, andikeni namba ya gari na ya stika siku ileile. Namba ya gari ikiingizwa kwenye mfumo wa Mamlaka ya Usimamizi wa Bima, TIRA, huonyesha kampuni iliyokata bima na kama ilikuwa hai. Pili, fuatilieni polisi ripoti ya ajali, na hospitali ripoti ya uchunguzi wa maiti. Tatu, chukueni cheti cha kifo na vyeti vya kuzaliwa vya watoto. Nne, ukoo ukae, uandike muhtasari, umteue msimamizi wa mirathi, kisha athibitishwe na mahakama. Tano, tunzeni stakabadhi za mnada na za mazao, maana mkulima naye ana kipato. Msichelewe, kwani madai yana ukomo wa muda kisheria.

Kampuni ikizungusha, yupo Msuluhishi wa Migogoro ya Bima, aliyewekwa na Sheria ya Bima ya mwaka 2009, na mahakama ipo. Wasaidizi wa kisheria nao wanatambuliwa na sheria ya mwaka 2017.

Tahadhari mbili. Kama gari halina bima, deni linabaki kwa mwenye gari na dereva, na kulipata ni kazi. Na wewe unayedandia juu ya shehena bila nauli, jua kwamba hapo ndipo kampuni hupata mlango wa kukataa.

Familia ile haijaweka dole gumba. Ng'ombe wa msiba alikwisha liwa, na tajiri alishukuriwa. Mjane sasa anafuatilia ripoti ya polisi. Nanyi pokeeni rambirambi, mshukuru, ila karatasi isomwe kwanza na anayejua sheria.