Katia Serra, kiungo wa zamani aliyevunja mwiko wa utangazaji wa soka Italia

JULAI 11, 2021, zaidi ya watazamaji milioni 18 nchini Italia walikodolea macho Rai 1, runinga ya taifa, timu yao ilipokabana koo na Uingereza katika fainali ya Euro 2020 ugani Wembley, jijini London. Mashindano hayo ya kuwania ubingwa wa Ulaya yalikuwa yameahirishwa kwa mwaka mmoja kutokana na janga la corona.

Sauti mbili ndizo zilizowasimulia pambano hilo. Ya kwanza ilikuwa ya mtangazaji mzoefu Stefano Bizzotto. Ya pili ilikuwa ya Katia Serra, mzaliwa wa Bologna na kiungo wa zamani katika soka ya wanawake, aliyekuwa na umri wa miaka 48.

Kabla ya usiku huo, Rai haikuwa imemkabidhi mwanamke kiti hicho katika fainali ya timu ya taifa ya wanaume.

Ni corona iliyoufungua mlango. Alberto Rimedio, ambaye ndiye aliyekuwa akitangaza mechi za Italia katika mashindano hayo, alipatikana na virusi siku chache kabla ya fainali. Mwenzake Antonio Di Gennaro, aliyetwaa ubingwa wa ligi ya Italia na klabu ya Verona mnamo 1985, naye akalazimika kujitenga kwa kuwa wawili hao walikuwa wakifanya kazi bega kwa bega. Rai ikawageukia Bizzotto na Serra.

Wapo waliosema kwamba Serra alibahatika tu. Kauli hiyo ina nusu ya ukweli. Maradhi ya Rimedio yaliacha viti wazi, lakini hayakumfundisha mtu yeyote kuusoma mchezo.

Katika utangazaji wa soka nchini Italia, viti hivyo viwili havina kazi moja. Anayeketi katika kiti cha kwanza kwa kawaida huwa mwanahabari. Yeye hutaja majina ya wachezaji, huufuata mpira, huhesabu dakika na hupandisha sauti bao linaponukia. Wa pili ni mchambuzi wa kiufundi. Huyu haelezi kilichotokea bali sababu ya kutokea kwake: ni beki yupi aliyechelewa kupanda, ni kiungo yupi aliyeachiwa nafasi, na kwa nini kocha amegeuza mfumo. Muda wake ni sekunde chache kabla ya mpira kurejea mchezoni, na akisoma vibaya, picha za marudio humuumbua papo hapo.

Kwa miaka mingi kiti cha pili kilitengewa mwanasoka mstaafu aliyewahi kutamba uwanjani. Italia ilipotwaa Kombe la Dunia jijini Berlin mnamo 2006, aliyekikalia kwa niaba ya Rai alikuwa Sandro Mazzola, bingwa wa Ulaya wa 1968. Katika runinga ya kulipia ya Sky, alikuwa Giuseppe Bergomi, bingwa wa dunia wa 1982. Medali za wazee hao zilikuwa leseni tosha, na hakuna mtazamaji aliyeuliza walijulia wapi soka.

Serra hakuwa na medali ya aina hiyo. Alichokuwa nacho ni mechi yenyewe, na mechi hiyo haikumpa nafasi ya kuvuta pumzi. Dakika ya 2, Luke Shaw aliwaweka Waingereza kifua mbele baada ya krosi ya Kieran Trippier kuvuka eneo zima la hatari. Kocha Gareth Southgate alikuwa amepanga mabeki watatu wa kati, huku Trippier na Shaw wakipanda pembeni kama mawinga. Bao hilo lilitoka kwa beki mmoja wa pembeni likafungwa na mwingine. Huo ulikuwa mtihani wa kiufundi usiohitaji sauti kubwa wala mbwembwe.

Kipindi cha pili kilikuja na mtihani mwingine. Roberto Mancini alimwondoa mshambulizi wake wa kati, Ciro Immobile, akamwingiza Domenico Berardi, na kuanzia hapo Italia ikashambulia bila ya mtu wa kusimama katikati ya ngome ya Uingereza. Mabeki waliokuwa na mtu wa kumkaba wakabaki wakikaba hewa. Leonardo Bonucci akasawazisha dakika ya 67 kutokana na kona. Italia ikashinda kwa mikwaju ya penalti 3-2, kipa Gianluigi Donnarumma akiipangua ya Jadon Sancho na ya Bukayo Saka.

Ili kuelewa uzito wa usiku huo, inafaa kurudi nyuma hadi Februari 2019. Fulvio Collovati, beki aliyetwaa Kombe la Dunia mnamo 1982 pamoja na Bergomi, alisema katika kipindi cha Rai kwamba humsokota tumbo anapomsikia mwanamke akizungumzia mbinu za soka. Rai ilimsimamisha kwa wiki mbili, naye akaomba radhi. Jambo la kuzingatia ni kwamba Collovati hakuwapinga wanawake kuwepo studioni. Runinga za Italia zilikuwa zimejaa wanawake wanaoongoza vipindi vya michezo. Paola Ferrari na Ilaria D'Amico walikuwa majina ya kila nyumba. Alichokipinga ni wao kugusa mbinu. Mwanamke angeweza kuuliza swali, ilmradi jibu litoke kwa mwanamume.

Mpaka huo ulikuwa umeanza kujaribiwa zamani. Katika miaka ya 1970, Rosanna Marani aliingia katika chumba cha habari cha La Gazzetta dello Sport, gazeti la kurasa za waridi lililoasisiwa mnamo 1896, akawa mwanamke wa kwanza kufanya kazi hapo kama mwanahabari. Mnamo 1999 Carolina Morace, mshambulizi aliyewahi kuifunga Uingereza mabao manne ugani Wembley mwaka 1990, alipokezwa mikoba ya Viterbese, klabu ya wanaume ya daraja la tatu. Alijiuzulu baada ya mechi mbili za ligi. Morace pia alipata kuwa mchambuzi wa runinga, na tangu 2024 ni mbunge katika Bunge la Ulaya.

Serra alipitia njia ndefu zaidi na isiyo na taa nyingi. Alisakata soka katika klabu kadhaa za Italia, akavuka hadi Uhispania kuichezea Levante, na akavaa jezi ya timu ya taifa. Miaka hiyo yote, machoni pa sheria ya nchi yake, hakuwa na kazi.

Hapa ndipo penye kiini cha mambo. Sheria nambari 91 ya mwaka 1981, inayohusu wanamichezo wa kulipwa nchini Italia, iliyaachia mashirikisho ya michezo jukumu la kuamua ni nani mchezaji wa kulipwa na nani wa ridhaa. Shirikisho la soka, FIGC, liliwapokea wanawake chini ya mwavuli wake mnamo 1986, miaka 18 baada ya wao wenyewe kuunda shirikisho lao mjini Viareggio. Hata hivyo, liliwaweka katika kundi la ridhaa, na huko wakabaki.

Maana yake ilikuwa nzito. Mchezaji wa ligi kuu ya wanawake hakuwa na mkataba wa ajira wala malipo ya uzeeni kutokana na soka. Hakupewa mshahara bali marupurupu na fidia ya gharama, ambayo ilifika kuwekewa kikomo cha takriban Euro 30,000 kwa mwaka, na wengi hawakukikaribia kikomo hicho. Aliyeshika mimba alirudi nyumbani mikono mitupu. Wahenga walinena kwamba mcheza kwao hutuzwa, lakini mabinti hawa walicheza kwao miaka nenda miaka rudi wakiitwa watu wa kujifurahisha.

Serra aliamua kulishughulikia jambo hilo kabla ya kujulikana kwa sauti yake. Kwa miaka mingi alisimamia masuala ya soka ya wanawake katika Associazione Italiana Calciatori, chama cha wachezaji kilichoundwa jijini Milan mnamo 1968 na nyota wa kiume wa enzi hizo. Ilikuwa kazi ya vikao, barua na simu za usiku, isiyo na kamera. Alijadiliana na viongozi ambao baadhi yao hawakuona kama kulikuwa na jambo la kujadiliwa.

Mwaka 2015 ulidhihirisha hali ilivyokuwa. Ligi ya wanawake wakati huo ilikuwa chini ya chombo kinachosimamia soka ya ridhaa, na rais wake alikuwa Felice Belloli. Kumbukumbu za kikao kimoja zilipofichuka, zilimnukuu akiwataja wanasoka wa kike kwa lugha ya kudhalilisha na kuhoji kwa nini watumiwe fedha. Belloli alikanusha kutamka maneno hayo, lakini akang'olewa uongozini. Wachezaji walitishia kususia mechi, na kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu madai yao yakaandikwa katika kurasa za mbele.

Mambo yakaanza kusonga. Mwaka huo huo Fiorentina iliunda kikosi cha wanawake, Juventus ikafuata mnamo 2017, na mwaka uliofuata Milan, Inter na Roma zikajiunga. Serikali ilianzisha mfuko uliowapa wanamichezo wajawazito wasio wa kulipwa Euro 1,000 kwa mwezi kwa hadi miezi 10. Mnamo 2018 FIGC ikaitoa ligi kuu ya wanawake katika soka ya ridhaa na kuisimamia yenyewe.

Kisha watazamaji wakaja. Machi 24, 2019, mashabiki 39,027 walifurika uwanja wa Juventus mjini Turin kuishuhudia ikimenyana na Fiorentina. Tikiti zilikuwa za bure, jambo ambalo wakosoaji hawakuacha kulitaja, ingawa tikiti ya bure haimbebi mtu hadi uwanjani. Miezi mitatu baadaye, katika Kombe la Dunia nchini Ufaransa, Italia iliyokuwa imekosa mashindano hayo kwa miaka 20 iliilaza Australia 2-1 kwa mabao mawili ya Barbara Bonansea. Mechi yao dhidi ya Brazil ilitazamwa na watu zaidi ya milioni 6 katika Rai 1 pekee. Walifika robo-fainali, wakaondolewa na Uholanzi.

Collovati alikuwa ametoa kauli yake miezi minne tu kabla ya hapo.

Kwa hiyo Serra alipovaa visikizi ugani Wembley mnamo 2021, mtazamaji wa Italia alikuwa amekwisha kuona kwamba mwanamke anaweza kucheza soka ya kiwango cha juu. Ambalo hakuwa amezoea ni kusikia mwanamke akieleza soka ya wanaume, tena katika mechi ambayo taifa zima lilikuwa likiomba dua. Majibu yalikuwa mchanganyiko: pongezi nyingi na kejeli si haba mitandaoni. Sehemu ya kejeli hizo ililenga sauti yake badala ya maneno yake, shutuma ambayo ni nadra kuelekezwa kwa mwanamume.

Wala usiku mmoja haukubadilisha kila kitu. Novemba mwaka huo huo, mwanahabari wa kike wa kituo kimoja cha Toscana alishikwa maungoni na shabiki nje ya uwanja wa Empoli akiwa hewani moja kwa moja. Mwenzake aliyekuwa studioni alimwambia asikasirike. Shabiki huyo alifikishwa mahakamani na kuhukumiwa, na mtangazaji wa studioni akakosolewa vikali nchini kote.

Suala la ajira ndilo lililofikia tamati kwanza. Aprili 26, 2022, baraza la FIGC lilipitisha mabadiliko ya kanuni, na kuanzia Julai 1 mwaka huo ligi kuu ya wanawake ikawa ya kulipwa, ya kwanza miongoni mwa michezo ya wanawake nchini Italia. Wachezaji wakapata mikataba ya ajira, bima na michango ya uzeeni. Kizazi hicho ndicho kilichofika nusu-fainali ya Kombe la Ulaya mjini Geneva Julai 2025, Bonansea akiwa amefunga tena, kabla ya Uingereza kusawazisha katika muda wa majeruhi na kushinda 2-1 katika muda wa ziada.

Mabadiliko hayo hayakurudi nyuma. Miaka ambayo Serra na wenzake waliitumikia ligi hiyo kabla ya Julai 2022 inabaki katika vitabu vya Italia kuwa miaka ya soka ya ridhaa, na haihesabiwi katika pensheni ya yeyote kati yao.