Timu iliyozoea kushindwa yapata kocha asiyezoea kushindwa

KWA zaidi ya miaka 100, timu ya futiboli ya Kimarekani ya Chuo Kikuu cha Indiana ilichekwa hata na watu wa kwao. Msimu wa 2024 ulipokuwa unaanza, hakuna timu ya vyuo ya daraja la juu nchini Marekani iliyokuwa imepoteza mechi nyingi kuliko hiyo. Mjini Bloomington watu walijivunia mpira wa kikapu, ambao umekipa chuo hicho ubingwa wa taifa mara tano.

Huku kwetu jina la Indiana si geni. Tangu mwishoni mwa miaka ya 1980 madaktari wake wanashirikiana na wenzao wa Chuo Kikuu cha Moi mjini Eldoret, Kenya. Lakini habari ya leo ni ya uwanjani.

Mchezo wenyewe si kandanda tunayoijua. Mpira una umbo la yai, hubebwa na kurushwa kwa mkono, na timu ikiuvusha mstari wa mwisho wa wapinzani hupata pointi sita.

Mwishoni mwa Novemba 2023, baada ya msimu wa ushindi mara 3 na vipigo 9, Indiana ilimwajiri Curt Cignetti, mzee wa miaka 62. Mwaka 2011 mtu huyu aliacha kazi ya kocha msaidizi katika timu kubwa ya Alabama, akaenda kuwa kocha mkuu wa chuo kidogo huko Pennsylvania. Alipanda ngazi moja moja hadi chuo cha James Madison, Virginia, na kote huko hakumaliza msimu hata mmoja vipigo vikiwa vingi kuliko ushindi. Waandishi walipomuuliza anawashawishi vipi vijana wajiunge naye, alijibu kwa ufupi kwamba yeye hushinda, na asiyeamini akalitafute jina lake Google.

Hakuja mikono mitupu. Mfanyabiashara anayehamia soko jipya huenda na watu anaowaamini, naye alifuatwa na wachezaji 13 kutoka James Madison, wakiwemo walinzi Aiden Fisher na Mikail Kamara, na mdakaji Elijah Sarratt. Mrushaji mkuu, Kurtis Rourke, raia wa Kanada, alitoka Chuo Kikuu cha Ohio. Wengi walisema hawa ni wachezaji wa vyuo vidogo, watapwaya kwenye ligi ya wakubwa.

Mechi zikaanza. UCLA walichapwa 42-13 kwao California. Nebraska wakala 56-7. Mabingwa wa taifa wa msimu uliotangulia, Michigan, wakalala 20-15, na huo ukawa ushindi wa 10 mfululizo. Indiana haikuwa imewahi kushinda mechi 10 katika msimu mmoja tangu iundwe.

Kisha wakakutana na kisiki. Novemba 23 Ohio State waliwatandika 38-15, na wenye ndimi kali wakasema, si tuliwaambia? Timu ikajibu wiki iliyofuata kwa kuwanyuka majirani wao Purdue 66-0. Iliingia katika timu 12 zilizowania ubingwa wa taifa, ikatolewa na Notre Dame 27-17. Hesabu ya msimu: ushindi 11, vipigo 2.

Msimu ulipokwisha ndipo ikajulikana kwamba Rourke aliucheza akiwa na kano ya goti iliyochanika kabla hata mechi hazijaanza.

Wapo walioendelea kusema ni bahati ya mwaka mmoja. Msimu wa 2025 uliwafunga midomo: Indiana ilishinda mechi zake zote 16, na Januari 2026 ikaifunga Miami 27-21 na kutwaa ubingwa wa taifa kwa mara ya kwanza katika mchezo huo.

Msomaji uliyewahi kuanza upya mahali ambapo jina lako halijulikani, unajua uzito wa jambo hili. Wenyeji hukupima kwa ulikotoka, na historia ya mahali penyewe hukukatisha tamaa. Vijana wale 13 walikuta vyote viwili Bloomington, wakafanya kazi waliyoizoea. Mgeni njoo, mwenyeji apone.