Kicheko Kisichozeeka, Bangi Iliyobadilika

Mama mmoja aliniuliza kliniki: "Daktari, mwanangu hutazama filamu ya wavuta bangi kwenye simu usiku kucha, akicheka peke yake. Je, filamu hiyo ndiyo iliyomharibu?"

Filamu yenyewe ni Up in Smoke ya mwaka 1978, iliyoongozwa na Lou Adler. Cheech Marin na Tommy Chong wanaigiza marafiki wawili wa Los Angeles wasio na kazi wala fedha, wanaosaka bangi. Wakiwa Tijuana, Meksiko, wanapewa gari wavuke nalo mpaka kurudi Marekani, bila kujua kuwa bodi lake zima limeundwa kwa bangi. Sajini Stedenko anawaandama kwa bidii kubwa na akili ndogo. Mwaka 2024, Maktaba ya Bunge la Marekani iliiingiza katika orodha ya filamu za kuhifadhiwa kwa ajili ya taifa.

Inadumu kwa sababu gani? Kwa maoni yangu, si kwa sababu ya bangi. Sisi tuliolelewa kwa hadithi za Sungura na Abunuwasi twaijua raha ya mnyonge kumshinda mwenye nguvu. Tofauti ni kwamba Sungura hushinda kwa hila, ilhali hawa wawili hushinda bila hata kutambua kuwa wanafukuzwa. Juu ya hayo, hawaachani. Mtazamaji huupenda urafiki huo.

Hata hivyo, kichekesho hicho kinasimama juu ya sharti moja: hakuna anayeugua. Katika maisha sharti hilo halipo, na mmea wenyewe umebadilika. Katika bangi iliyokamatwa Marekani, wastani wa THC, kemikali inayolevya, ulikuwa takriban asilimia 4 mwaka 1995. Kufikia mwaka 2014 ulikuwa takriban asilimia 12. Kadiri bangi inavyokuwa kali, inavyovutwa mara kwa mara na inavyoanzwa katika umri mdogo, ndivyo hatari ya kuugua akili inavyoongezeka, hasa kwa kijana ambaye ugonjwa huo umo katika ukoo wake.

Kwa hiyo sikumlaumu mwigizaji yeyote mbele ya mama yule. Filamu haileti ugonjwa wa akili, na kumnyang'anya kijana simu si tiba. Nilimuuliza kama mwanawe analala, kama amejitenga na rafiki zake, kama anawashuku watu wa nyumbani. Kisha nikauliza: "Simu ikizimwa, huendelea kucheka?"

Alinyamaza kwa muda mrefu, akaitikia kwa kichwa.

Ndugu msomaji, ukiona dalili hizo kwa kijana wako, usimgombeze wala usingoje zipite zenyewe. Mlete hospitali mapema. Tiba ikianza mapema, matumaini ya kupona huwa makubwa zaidi, na huenda siku moja akaitazama tena filamu ile pamoja na rafiki zake, akacheka pale wanapocheka wenzake.