Bingwa aliyefungiwa mlango bila kushindwa

Katika mitaa yetu mtu mwenye nguvu hupimwa kwa gunia. Ukimwona kuli anashusha gunia la mahindi la kilo 100 kutoka kwenye lori na kulipeleka ghalani peke yake, unatikisa kichwa na kumpisha njia. Basi gunia hilo na liwe mizani yetu wiki hii, maana mtu ninayetaka kumzungumzia alilala chali kwenye benchi, akashusha hadi kifuani chuma chenye uzito wa magunia matatu, kisha akakisukuma juu mpaka mikono ikanyooka. Jina lake ni Bill Kazmaier, Mmarekani wa mji wa Burlington, jimbo la Wisconsin, aliyezaliwa Desemba 1953.

Hiyo ilikuwa mwanzoni mwa mwaka 1981, mjini Columbus, jimbo la Georgia. Siku hiyo hiyo alibeba kilo 420 mabegani, akachuchumaa nazo na kuinuka. Akamalizia kwa kung'oa kilo 380 kutoka sakafuni hadi kiunoni. Ukijumlisha na zile 300 za benchi unapata kilo 1,100, yaani magunia kumi na moja. Hakuna aliyekuwa amefikisha jumla hiyo kabla yake.

Sasa, tuelewane kidogo kuhusu mchezo wenyewe, kwa sababu wengi wetu tukisikia kunyanyua vitu vizito tunafikiria ule wa Olimpiki ambapo chuma hupandishwa juu ya kichwa. Huu ni mwingine. Wenyewe huuita pawalifti, na una mikono mitatu tu: kuchuchumaa, kusukuma benchini na kung'oa kutoka chini. Kila mtu hupewa nafasi tatu kwa kila mkono. Waamuzi ni watatu, na kila mmoja ana taa nyeupe na taa nyekundu. Nyeupe mbili umefaulu, nyekundu mbili umekwisha. Kilo bora za kila mkono hujumlishwa, na anayezidi ndiye bingwa. Hapo hakuna cha sura, hakuna cha jina. Kama umechuchumaa nusu, umechuchumaa nusu, hata ukiwa mtoto wa mfalme.

Ubaya wake ni mmoja, nao ni mfukoni. Shirikisho la kimataifa la mchezo huu liliundwa mwaka 1972, lakini Olimpiki haijawahi kuupokea, isipokuwa ule mkono wa benchi unaochezwa na wenzetu wenye ulemavu katika Paralimpiki, ambako Wanijeria wamevuna medali nyingi. Enzi za Kazmaier, bingwa wa dunia alirudi nyumbani na kikombe, kesho yake akaamkia kazini kama wewe na mimi.

Ndipo televisheni ikaingia. Mwaka 1977 kituo cha CBS cha Marekani kilionyesha kwa mara ya kwanza mashindano ya kumtafuta mtu mwenye nguvu kuliko wote duniani, yaliyofanyika California. Walikusanywa wacheza mpira wa Kimarekani, wanyanyuaji wa Olimpiki na watunisha misuli, wakapewa kazi ambazo mtazamaji yeyote angezielewa bila maelezo: kuvuta gari, kupinda chuma, kukimbia na jokofu mgongoni. Hilo la jokofu halikuwa mzaha. Franco Columbu, yule mtunisha misuli Mtaliano aliyekuwa rafiki wa Arnold Schwarzenegger, alianguka nalo na mguu wake ukaharibika vibaya mbele ya kamera.

Hapa mnyanyuaji wa pawalifti ana faida na ana hasara. Mgongo na mapaja yake yako tayari. Lakini yeye amezoea kusimama mahali pamoja, kuvuta pumzi moja, kumaliza kazi kwa sekunde chache na kwenda kukaa. Katika mashindano ya televisheni mzigo unatembea, vidole vinachoka kabla ya mgongo, na kuna kazi sita, saba au zaidi za kukamilisha. Alama hutolewa kwa nafasi: wakiwa wanane, wa kwanza hupata nane, wa mwisho moja. Kwa hiyo ukishindwa kabisa kazi moja, ushindi wa jana umeliwa.

Aliyeonyesha kwamba njia hiyo inapitika ni Don Reinhoudt, Mmarekani aliyekuwa bingwa wa dunia wa pawalifti mara nne mfululizo, 1973 hadi 1976. Yeye alilitwaa taji la televisheni mwaka 1979. Mwaka huohuo kijana Kazmaier, aliyekwisha kuacha mpira wa Chuo Kikuu cha Wisconsin ili ashike vyuma, alitoka wa tatu, na pia akawa bingwa wa dunia wa pawalifti mjini Dayton, Ohio.

Mwaka 1980 alirudi akashinda. Mwaka 1981 akashinda tena, safari hii msuli wa kifua ukiwa umechanika wakati wa kupinda vyuma. Kifua kile kile cha magunia matatu! Mwaka 1982 akashinda mara ya tatu. Hakuna aliyekuwa ameshinda mara tatu kabla yake, na watu walianza kuuliza nani atakuwa wa pili, maana wa kwanza alijulikana.

Basi ikawa hivi: mwaka 1983 mwaliko haukuja.

Ndugu msikilizaji, pawalifti ina mchujo wenye kanuni. Ukifikisha kilo, huna haja ya kupendwa na mtu. Mashindano ya televisheni ni ya mwenye mashindano, naye humwita anayemtaka, kama mwenye harusi. Kazmaier na mashabiki wake wameshikilia siku zote kwamba aliachwa kwa sababu alikuwa anashinda kupita kiasi. Ukiitazama biashara yenyewe, maelezo hayo hayana ugumu wa kuaminika. Mtazamaji anayejua mshindi kabla ya kuketi atabadili kituo, na mtangazaji wa sabuni ataondoka naye. Wahenga walisema chema chajiuza. Hapa chema kilikosa mnunuzi.

Na ili ujue kwamba nguvu hazikuwa zimemwishia, mwaka huohuo wa 1983 alikwenda Gothenburg, Sweden, akatwaa tena ubingwa wa dunia wa pawalifti. Chuma kilimpokea. Kamera zilikuwa Christchurch, New Zealand, zikimpiga picha Geoff Capes, Mwingereza mrusha tufe aliyekuwa polisi. Capes alishinda pia 1985. Miaka ya 1984 na 1986 alishinda Jón Páll Sigmarsson wa Iceland, kijana wa nywele za dhahabu, yeye naye akitokea kwenye pawalifti, na mcheshi ambaye kamera ilimpenda mno. Siwaondolei sifa hata kidogo. Lakini mataji manne yaligawanywa huku bingwa wa mara tatu akiwa nyumbani, na umri wake, kuanzia miaka 29, ndio ule ambao mnyanyuaji huwa katika kilele chake. Mabondia wetu wanaosubiri simu ya promota watanielewa bila kufasiriwa.

Mwaka 1987 mashindano makuu hayakufanyika. Badala yake wanaume watatu, Kazmaier, Capes na Jón Páll, walikutanishwa kwenye magofu ya ngome ya Huntly, Scotland. Jón Páll akawashinda wote. Mwaka 1988 mlango ukafunguliwa hatimaye, mjini Budapest, Hungary. Kazmaier alikuwa na miaka 34, mwili umeshonwa na kuchanika mara nyingi. Alitoka wa pili. Wa kwanza, Jón Páll.

Jón Páll aliongeza taji la nne mwaka 1990. Tarehe 16 Januari 1993, akiwa na miaka 32, aling'oa chuma kutoka sakafuni katika mazoezi nchini kwao, mshipa mkuu wa damu ukapasuka, akafa.

Kazmaier alijaribu mieleka ya kulipwa, akapanda ulingoni na kampuni ya WCW mwaka 1991. Taji la nne hakulipata. Baadaye televisheni ya Marekani ilimwajiri, na kwa miaka mingi alikuwa akikaa kando ya uwanja na maikrofoni mkononi, akiwaeleza watazamaji jinsi ya kushika mzigo, jinsi ya kupumua, na nani ataishiwa nguvu za vidole, katika mashindano yale yale ambayo hakualikwa.